Video ndogo, lakini kwa simu ya nani?

Juzi hapa Machakos niliifinya video ya harusi kwa kodeki ya H.265, iliyotoka 2013. Kutoka MB 400 ikawa 200, na macho yangu hayakuona tofauti. Nikamtumia shangazi kule Mwala. Bando likaisha, simu yake ya zamani ikakataa kuifungua!

Hapo ndipo sisi waunda programu hukosea. Kodeki mpya hupunguza faili kwa kuiongezea simu hesabu za kuijenga picha upya. AV1 ya 2018 iliundwa ili itumike bila ada ya leseni, ila nayo inataka simu yenye nguvu.

Maoni yangu: ya kuhifadhi, H.265, ya kuwatumia jamaa, H.264 ya 2003, hata ukishusha ubora kidogo. Na faili halisi usifute: kilichotupwa wakati wa kufinya hakirudi. Wewe waonaje?