Hundi Ikidunda, Dawa ya Deni ni Kulipa

Muuza vitambaa wa Delhi ametoa mzigo na kupokea hundi. Siku chache baadaye benki inamrudishia hundi ile ile, imebanwa na kikaratasi: fedha hazitoshi. Nchini India, kikaratasi hicho kinaweza kumfikisha mteja wake kizimbani. Kifungu cha 138 cha Sheria ya Hati za Fedha ya mwaka 1881, kilichoanza kutumika mwaka 1989, sasa kinaruhusu kifungo cha hadi miaka miwili, faini ya hadi mara mbili ya thamani ya hundi, au vyote viwili. Kabla ya kushtakiwa, mdaiwa hupewa notisi na siku 15 za kulipa.

Asipolipa na kesi ikafunguliwa, je, wawili hao waruhusiwe kupatana na mshtakiwa aende zake? Kifungu cha 147, kilichoongezwa kwa marekebisho ya mwaka 2002, kinaruhusu.

Wanaopinga wana hoja nzito. Hundi huaminiwa na soko zima. Anayeiandika akijua akaunti haina kitu huwaumiza hata asiowajua, kwa kuwa kesho muuzaji atadai taslimu kwa kila mteja. Kumwachia baada ya kulipa, wanasema, ni kuiuza jinai.

Hata hivyo, mlalamikaji anachotaka ni pesa yake. Mdaiwa akienda jela, biashara yake hufa na malipo hukosa pa kutoka. Mwaka 2021 Mahakama ya Juu ya India yenyewe ilizifananisha kesi hizi na kondoo wa madai aliyevishwa ngozi ya mbwamwitu wa jinai. Mwaka huo huo ilitaja mrundikano wa kesi za hundi zaidi ya milioni 3.5.

Ninaunga mkono suluhu, ila wakati wake ndio wenye utata. Mshtakiwa mjanja huomba kesi iahirishwe, hukata rufaa, na huitafuta pochi pale tu anapousikia mlango wa gereza. Ndiyo maana mwaka 2010, katika shauri la Damodar Prabhu, Mahakama ya Juu iliwekea uchelewaji bei. Aliyepatana mwanzoni hakulipa nyongeza. Aliyesubiri aliongeza asilimia 10 ya hundi mbele ya hakimu, 15 kwenye Mahakama Kuu, na 20 alipofika Mahakama ya Juu.

Mwaka 2025 bei hiyo ilishushwa. Mshtakiwa sasa hulipa bila nyongeza mradi ushahidi wake wa utetezi haujaanza kuchukuliwa, na hata kwenye Mahakama ya Juu nyongeza ni asilimia 10. Majaji walizingatia wingi wa kesi na kushuka kwa riba. Kwa maoni yangu walikosea: kuchelewa kukiwa rahisi, wengi watachelewa. Tena nyongeza hiyo huenda kwa mamlaka ya msaada wa kisheria, ilhali aliyefunga duka kila mara kesi inapotajwa ni mlalamikaji. Tangu mwaka 2018 hakimu anaweza kumwamuru mshtakiwa alipe fidia ya muda ya hadi asilimia 20 ya hundi. Hiyo humfikia mlalamikaji, nami ningependa itumiwe zaidi.

Kenya nayo ina la kujifunza. Kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu kinaweka kifungo kisichozidi mwaka mmoja, faini isiyozidi shilingi 50,000, au vyote viwili. Kwa hundi ya milioni mbili iliyodunda, faini hiyo ni ndogo mno, nayo huingia serikalini. Ibara ya 159 ya Katiba ya mwaka 2010 inazitaka mahakama kuhimiza maridhiano, na kesi hizi zinafaa kabisa.

Basi mapatano yaandikwe, gharama za kungoja zimwendee aliyengoja, na kesi ifutwe siku pesa inapoonekana kwenye akaunti yake. Aliyefikishwa mahakamani na ahadi iliyodunda asirudishwe nyumbani na ahadi nyingine.