Je, Miura Alishindwa Ulaya?

Katika mabishano ya kandanda yanayofanyika mabwenini kila jioni, limezuka neno moja ambalo naona halifai kuachwa lipite bila kujibiwa. Neno lenyewe ni hili: ya kuwa Kazuyoshi Miura, yule Mjapani aliyecheza mpira wa kulipwa katika nchi sita, jina lake lilikuwa kubwa kuliko kazi yake, kwamba alipofika Ulaya alishindwa, na ushahidi unaotolewa ni kuwa katika msimu mzima huko Italia alifunga bao moja tu. Husemwa kisha kwa kicheko, "Kutangulia si kufika," na watu wakaenda kulala wakidhani kesi imekwisha.

Hesabu hiyo ya bao moja ni ya kweli, wala sitaipinga. Ninalolipinga ni hukumu iliyotolewa juu yake. Maana kuna kipimo cha mtu anayepita njia iliyokwisha limwa, na kuna kipimo cha mtu anayepita porini. Na mwenye kuvitumia vipimo hivi viwili kana kwamba ni kimoja, huyo hupima vibaya.

Kwanza na tumjue mtu tunayemhukumu. Miura alizaliwa katika mji wa Shizuoka, Japani, tarehe 26 Februari, 1967. Wakati alipokuwa mtoto, nchi yake haikuwa na ligi ya wachezaji wa kulipwa. Ligi iliyokuwako tangu mwaka 1965 ilikuwa ya timu za makampuni, na wachezaji wengi walikuwa wafanyakazi wa makampuni hayo. Basi kijana aliyetaka kuufanya mpira uwe kazi yake ya maisha alikuwa kama mtu anayetaka kuwa nahodha katika nchi isiyo na bahari. Miura akafanya lililobaki. Mwishoni mwa mwaka 1982, akiwa na umri wa miaka 15, aliiacha shule yake ya sekondari akaenda Brazil, akajiunga na timu ya vijana ya klabu ya Juventus ya São Paulo, ambayo si ile Juventus mashuhuri ya Italia.

Huko Brazil Wajapani hawakuwa wageni. Walianza kuhamia nchi hiyo mwaka 1908 kufanya kazi katika mashamba ya kahawa, na wajukuu wao walijulikana kwa ukulima, biashara na usomi. Lakini kwa kandanda hawakujulikana hata kidogo. Mjapani aliyefika na viatu vya mpira mkononi alionekana kama mtu aliyepotea mlango. Miura alikaa miaka mitatu akijifunza, na mwaka 1986 akapata mkataba wake wa kwanza wa kulipwa katika klabu ya Santos, ambayo ndiyo klabu ya Pelé.

Msomaji asidhani kwamba baada ya hapo mambo yalikuwa mteremko. Santos hawakumpa nafasi kubwa. Akazunguka: Palmeiras, Matsubara katika jimbo la Paraná, CRB katika mji wa Maceió, mbali kaskazini-mashariki, XV de Jaú, klabu ya mji mdogo, ambako mwaka 1988 aliwafunga Corinthians, kisha Coritiba, waliotwaa ubingwa wa Paraná mwaka 1989. Ndipo mwaka 1990 Santos walipomrudisha, safari hii akiwa mchezaji kamili. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, na huyu aliinama katika kila mji aliotumwa. Alijifunza Kireno. Alijifunza kukaa benchi bila kununa. Alijifunza jambo ambalo nchini kwake hakuna aliyeweza kumfundisha, yaani namna mtu anavyoishi kwa mpira siku zote saba za juma.

Sasa tazameni alivyoyatumia maarifa hayo. Mwaka uleule wa 1990, akiwa na umri wa miaka 23, alirudi kwao na kujiunga na klabu ya Yomiuri, ambayo baadaye iliitwa Verdy Kawasaki. Mwaka 1992 Japani ilishinda Kombe la Asia kwa mara ya kwanza katika historia yake, huko Hiroshima, na Miura akachaguliwa kuwa mchezaji bora wa mashindano. Tarehe 15 Mei, 1993, ligi ya kulipwa ya Japani ilifunguliwa kwa klabu kumi. Verdy wakawa mabingwa wa kwanza, na Miura mchezaji bora wa kwanza. Ligi mpya huhitaji watu waliokwisha iona kazi mahali pengine, nao wakati ule walikuwa wachache sana miongoni mwa Wajapani.

Mwaka huohuo alipata pigo. Tarehe 28 Oktoba, 1993, katika mji wa Doha, Japani ilihitaji kuishinda Iraki ili iende Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza. Miura alifunga bao la kwanza mapema. Mpaka dakika tisini zilipotimia Japani ilikuwa mbele kwa mabao mawili kwa moja. Kisha katika dakika za nyongeza Iraki wakasawazisha kwa kichwa kutokana na kona. Safari ikafia hapo. Wajapani mpaka leo wanaliita jambo hilo msiba wa Doha.

Ni baada ya msiba huo ndipo Miura alipokwenda Italia, msimu wa 1994 na 1995, kwa mkopo katika klabu ya Genoa. Siku hizo ligi ya Italia ilihesabiwa na wengi kuwa ndiyo ngumu kuliko zote duniani, na hakuna Mjapani aliyekuwa amecheza humo kabla yake. Maneno yalimtangulia uwanjani. Ilisemwa kwamba ameletwa ili kuuza matangazo ya makampuni ya Kijapani. Katika mechi yake ya kwanza, dhidi ya Milan, aligongana na beki Franco Baresi akavunjika pua. Akarudi, akacheza mechi 21 za ligi, na bao lake moja alilifunga dhidi ya Sampdoria, mahasimu wa mji mmoja na Genoa. Na Genoa wenyewe walikuwa timu inayozama. Mwisho wa msimu walishushwa daraja. Wenye kulitaja bao moja hilo hawataji kamwe kwamba merikebu yote ilikuwa ikiingia maji.

Mwaka 1999 alijaribu tena Ulaya, katika klabu kubwa ya Zagreb, Kroatia, na katika ligi hakufunga hata bao moja. Haya nayaandika wazi ili nisionekane kama wakili anayeficha hati. Miura hakuwa mchezaji bora Ulaya. Hilo ni kweli, na yeyote anayetaka kulisema na aliseme.

Lakini swali langu ni hili: je, ilikuwaje baada yake? Mwaka 1998 Hidetoshi Nakata, aliyekuwa amecheza naye katika timu ya taifa, alikwenda Perugia, Italia, na siku ya kwanza tu akawafunga Juventus mabao mawili. Mwaka 2001 akawa bingwa wa Italia pamoja na Roma. Sisemi kwamba Miura ndiye aliyemfunza Nakata kupiga mpira. Nasema kwamba Nakata alipobisha hodi, mlango ulikuwa umekwisha bishwa. Waitalia walikuwa wamekwisha ona Mjapani akianguka, akivunjika pua, akiinuka. Aliyefuata hakuwa kioja tena. Alikuwa mchezaji wa kupimwa kwa mpira wake.

Wala Miura naye hakuwa wa kwanza kabisa. Yasuhiko Okudera alikwenda Ujerumani mwaka 1977, na akawa bingwa pamoja na klabu ya Köln mwaka 1978. Hivyo ndivyo njia zinavyofanywa: huyu hukata mti mmoja, yule huondoa jiwe moja. Mwaka 2022, katika Kombe la Dunia lililofanyika Qatar, nchi ileile ya msiba wa 1993, Japani iliishinda Ujerumani mabao mawili kwa moja, kisha ikaishinda Hispania vivyo hivyo. Wengi wa wachezaji wa Japani siku hizo walikuwa wakilipwa mshahara wao na klabu za Ulaya. Anayewasifu hao, kisha akamcheka Miura, anasifu maembe na kumcheka aliyepanda mwembe.

Watu wa vijijini wanalijua jambo hili. Watu wanapoondoka alfajiri kwa mguu, wakipita katika majani marefu, yule wa mbele ndiye anayelowa, kwa maana ndiye anayetoa umande. Wa nyuma hufika nguo zao zikiwa kavu. Je, ni haki wakifika mjini wamcheke wa mbele kwa sababu nguo zake zimelowa?

Na uchungu wa wa mbele hauishii kwenye umande. Katika mechi za kufuzu mwaka 1997, Miura aliwafunga Uzbekistan mabao manne katika mechi moja, na mwaka huo hatimaye Japani ikapata tiketi ya Kombe la Dunia la kwanza lake. Mwezi Juni, 1998, timu ikiwa imepiga kambi Nyon, Uswisi, siku chache kabla ya mashindano, mwalimu wa timu Takeshi Okada alitangaza majina ya waliobaki, na jina la Miura halikuwamo. Alikuwa na miaka 31. Alirudi nyumbani akawaambia waandishi wa habari kwamba fahari yake na roho yake ameviacha huko pamoja na timu. Hakuitukana timu. Japani ilishindwa mechi zote tatu. Hakupata kucheza Kombe la Dunia hata dakika moja, ijapokuwa aliifungia nchi yake mabao 55 katika mechi 89.

Sasa nije kwenye hoja mbili za upande wa pili, ambazo ni nzito kuliko ile ya bao moja.

Ya kwanza ni umri wake. Miura hakustaafu kama wenzake. Baada ya Kyoto na Kobe alikwenda Yokohama FC mwaka 2005, na mwishoni mwa mwaka huo akaenda Sydney, Australia, kwa muda. Tarehe 12 Machi, 2017, akiwa na miaka 50 na siku 14, alifunga bao katika daraja la pili la Japani. Mwaka 2023, akiwa na miaka 56, alikuwa Ureno akiichezea Oliveirense. Wapo wanaosema kwamba mtu wa namna hiyo anakalia kiti cha vijana. Hapa sitamtetea kwa kila kitu. Katika miaka hiyo mara nyingi alipewa dakika chache tu mwisho wa mechi, na ni haki kuuliza kama kijana fulani hakuzikosa dakika hizo. Hata hivyo, kiti chake alipewa na klabu, hakukinyang'anya. Na aliposhuka daraja kwenda Suzuka mwaka 2022, hakudai ligi kubwa imfuate. Mtu aliyekwisha itwa mfalme, akakubali kucheza daraja la nne, hawezi kusemwa kuwa anakula jina lake la zamani tu.

Hoja ya pili inatuhusu sisi wanafunzi, na ndiyo inayonitia hofu. Wako vijana wanaosema, "Miura aliacha shule akiwa na miaka 15, nami nitaacha." Ndugu zangu, tafadhalini! Aliliacha darasa moja akaingia jingine lenye viboko zaidi. Alikaa miaka minane ugenini kabla nchi yake haijamjua vizuri. Alikwenda mahali ambapo elimu aliyoitaka ilikuwapo, kwa kuwa kwao haikuwapo. Anayeacha shule ili kukaa kibarazani na kuzungumza juu ya mpira hakumfuata Miura, amemkimbia. Na hatujui hesabu ya vijana waliofanya kama yeye, wakarudi bila mkataba wala cheti, kwa maana majina yao hayaandikwi popote.

Basi neno langu ni hili. Katika shule yetu wamo wanafunzi ambao ni wa kwanza kutoka kijijini kwao kufika sekondari. Wako wasichana ambao ni wa kwanza katika ukoo wao kuchukua masomo ya sayansi. Baadhi yao watakwenda mbele, na huko mbele wengine watapata alama ndogo, watarudia mtihani, watachekwa kwa lafudhi yao. Watakaofuata, wadogo zao, watafanya vizuri zaidi, kwa kuwa watakuta kuna mtu wa kuwaeleza jinsi ya kujaza fomu, kitabu gani kinatafutwa, na mwalimu yupi huulizwa nini. Siku hiyo asitokee mtu wa kuwalinganisha na kusema kwamba wa kwanza alishindwa.

Kutangulia si kufika: methali ni ya kweli. Lakini haikusema kwamba aliyetangulia hakufanya kazi. Jioni ya leo, mabishano yatakapoanza tena na mtu akataja lile bao moja la Genoa, na aulizwe kwanza: kabla ya bao hilo, Wajapani walikuwa wamefunga mangapi katika ligi ya Italia? Akijibu kwa haki, ndipo tuendelee kubishana.

Mwanafunzi, Kidato cha Nne