Intaneti imefika Kilele cha Uhuru, ajira za mbali bado zina mitego

Na Mwandishi Wetu, Moshi

DESEMBA mwaka 2022, Shirika la Mawasiliano Tanzania (TTCL) lilifikisha huduma ya intaneti yenye kasi katika Kilele cha Uhuru, mita 5,895 juu ya usawa wa bahari. Miezi minne kabla ya hapo, huduma hiyo ilizinduliwa Horombo, mita 3,720.

Kwa mtalii, hatua hiyo ina maana ya kutuma picha akiwa mlimani. Kwa kijana wa Marangu, Kibosho au Rombo aliyehitimu chuo na kukosa ajira, inazua swali zito zaidi: je, intaneti inaweza kumletea kipato kutoka London au New York bila yeye kuondoka nyumbani?

Swali hilo lina uzito wa pekee Uchaggani. Kihamba kimegawanywa kizazi hadi kizazi mpaka kimekuwa kidogo, na bei ya kahawa haitabiriki. Vijana wengi wamelazimika kushuka Moshi mjini, kisha Arusha na Dar es Salaam, kutafuta riziki.

Jibu ni ndiyo, inawezekana, lakini kwa masharti ambayo waombaji wengi huyagundua wakiwa wamekwisha kuumia.

Sharti la kwanza ni kulisoma tangazo hadi mwisho. Kazi nyingi zinazoelezwa kuwa za mbali hutaka mwombaji awe mkazi wa nchi ya mwajiri, kwa sababu za kodi na sheria za kazi. Nyingine hudai saa za ofisi za huko. Saa tatu asubuhi ya New York ni saa 10 au 11 jioni ya Moshi, kutegemea majira. Hivyo, siku ya kazi huishia saa sita au saa saba usiku.

Sharti la pili ni kutolipia ajira. Mkataba Namba 181 wa Shirika la Kazi Duniani (ILO) wa mwaka 1997 unaweka kanuni kwamba wakala binafsi wa ajira hamtozi ada mtafuta kazi. Yapo masoko ya kazi huru, kama Upwork, ambayo hutoza kiasi kidogo kwa kutuma maombi. Hata hivyo, ada hiyo hulipwa ndani ya mfumo wa soko lenyewe, kamwe si kwa simu ya mtu anayejiita ofisa ajira.

Watanzania hawapaswi kusahau funzo la DECI, mpango wa kupanda na kuvuna fedha uliosimamishwa na Serikali mwaka 2009 wakati wananchi wengi wamekwisha kuweka akiba zao humo. Anayeambiwa atoe fedha kwanza ili apewe kazi ya kubofya matangazo anarudishwa katika shamba lile lile.

Sharti la tatu liko nje ya uwezo wa mwombaji. Mei 12, 2024, hitilafu ya nyaya za baharini za EASSy na Seacom ilidhoofisha intaneti nchini. Oktoba 29, 2025, siku ya Uchaguzi Mkuu, intaneti ilizimwa na ikakosekana kwa siku kadhaa. Mteja wa ng'ambo anayesubiri kazi yake hutazama tarehe waliyokubaliana, na akikosa majibu hutafuta mtu mwingine.

Aidha, wengi wanaopata kazi hizo huchukuliwa kama wakandarasi, si waajiriwa. Maana yake ni kwamba hakuna mwajiri wa kuwachangia katika mfuko wa hifadhi ya jamii wala wa kuwapa notisi. Machi 2024, jukwaa la Remotasks lilisitisha huduma zake Kenya ghafla, na waliolitegemea wakabaki bila kazi. Ni busara kutotegemea mteja mmoja, na kujiwekea akiba mapema. Kodi nayo haiepukiki, kwani Sheria ya Kodi ya Mapato ya mwaka 2004 humtoza mkazi wa Tanzania hata kwa mapato ya nje.

Kwa mantiki hiyo, nguzo na minara pekee havitoshi. Wakala wa Huduma za Ajira Tanzania (TaESA) na vyuo vya Moshi, kikiwamo Chuo Kikuu cha Ushirika, wana nafasi ya kumfundisha kijana kuandika wasifu unaoonyesha kazi alizofanya, kuhakiki mwajiri na kusoma mkataba kabla ya kutia saini. Serikali kwa upande wake inapaswa kutambua kwamba kila siku ya intaneti kuzimwa ni siku ya watu kupoteza kazi.

Kwa sasa, anayepokea ujumbe wa kitapeli anaweza kuutuma namba 15040 ya Mamlaka ya Mawasiliano (TCRA). Nakala ya kitambulisho cha Taifa ibaki mikononi mwa mwenyewe hadi mwajiri atakapothibitika. Wahenga walinena, tahadhari kabla ya hatari.