Ukuta Alionyimwa María Izquierdo

Kila ikitajwa sanaa ya Mexico, tunaimbiwa majina matatu: Diego Rivera, José Clemente Orozco na David Alfaro Siqueiros. Baada ya Mapinduzi ya Mexico, Waziri wa Elimu José Vasconcelos aliwapa wachoraji kuta za serikali, nao wakawachora humo wakulima, wafanyakazi na wenyeji wa asili waliodharauliwa tangu enzi za Wahispania. Kazi kubwa, sibishi. Ninachokikataa ni madai kwamba kuta zile zilikuwa za taifa zima.

Mwaka 1945 María Izquierdo, mzaliwa wa Jalisco, alipewa mkataba wa kuchora kuta za ngazi katika jengo la serikali ya Jiji la Mexico. Akaandaa michoro ya awali. Rivera na Siqueiros walipoulizwa, wakasema hana uzoefu, na mkataba ukavunjwa. Akaahidiwa jengo jingine la hadhi ya chini. Akakataa, na alifanya vyema kukataa!

Uzoefu gani? Katika fresko, mbinu ya kuchora ukutani, rangi hupakwa juu ya lipu ya chokaa ikiwa bado mbichi. Ikikuwahi kukauka, unabomoa na kuanza upya. Izquierdo alichora fresko mbili za kuhamishika, La Tragedia na La Música, kila mwenye macho aone kwamba kazi anaiweza. Mkataba haukurudi.

Na Rivera alimjua fika. Mwaka 1929, akiwa mkuu wa chuo cha San Carlos, ndiye aliyemsifu hadharani. Tena uchungu wa kunyang'anywa ukuta aliuonja mwenyewe: mwaka 1933 familia tajiri ya Rockefeller ilimsimamisha kazi New York kwa sababu ya sura ya Lenin aliyoichora ukutani, na mwaka uliofuata mchoro ukabomolewa. Nchi yake ikampa ukuta mwingine, katika jumba la Bellas Artes. Kisha mtu huyohuyo akasaidia kumfungia mwenzake mlango!

Watatu hawa waliwachora wanawake bila kuchoka: mwalimu wa kijijini, mama aliyeelemewa na mzigo. Mwanamke kuwa sura ya taifa, ruksa. Kushika brashi mbele ya ukuta wa taifa, marufuku. Huo ni uonevu.

Izquierdo alipata kiharusi mwaka 1948, akaendelea kuchora, akafariki mwaka 1955. Serikali ilizitangaza kazi zake kuwa urithi wa taifa mwaka 2002. Walimu wa sanaa, mkiwafundisha wale watatu, fundisheni na jina la aliyenyimwa ukuta, na mtaje walioshauri anyimwe.