MAMBO YA NYUMBANI: Mwaliko wa Arusi ya Mbali Upelekwe Lini?



Mwezi huu twataka kusema juu ya siku ya kupeleka mwaliko wa arusi, hasa arusi ifanywayo mbali na wazee. Zamani jambo hili halikuwa na taabu nyingi, maana bibi arusi alitoka kijiji cha jirani, na habari ilifika kwa miguu kabla jua halijatua. Siku hizi vijana wetu wa Mpwapwa, wa Kibakwe na wa Rudi wanakaa Dar es Salaam, Arusha, Mwanza na Unguja. Huko wamepata kazi, huko wamepata wachumba, na huko wataka kufunga ndoa. Baba na mama, shangazi, mjomba na babu wamebaki huku. Basi arusi ni ya mtoto wao, lakini wao ndio wageni wa safari.

Tena twaona jinsi mambo yanavyokwenda. Kamati ya arusi hukutana mjini, na karatasi ya mchango hutumwa mapema sana, pengine miezi 4 kabla ya siku yenyewe. Lakini kadi ya mwaliko hutolewa juma la mwisho, baada ya kuhesabiwa nani ametoa na nani hakutoa, nani apewe kadi ya mtu mmoja na nani ya watu wawili. Kwa mtu akaaye Ubungo haidhuru. Atapiga pasi nguo yake, apande daladala, afike. Kwa mjomba aliyeko Kibakwe ni kama kuambiwa asije. Kisha arusi ikiisha, watu husema, Ukoo wa bibi arusi walikuwa wachache, labda hawakupendezwa. Neno hilo likisemwa mara moja, hukaa katika nyumba miaka mingi, nalo si kweli. Hawakuwa na nauli, basi.

Wako wasemao, Tumetangaza kanisani Jumapili 3, yatosha. Hayatoshi. Matangazo ya kanisani, na ile taarifa ya siku 21 iliyoamriwa na Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, hayakuwekwa kwa ajili ya wageni. Yamewekwa ili mwenye kujua kizuizi apate kusema. Mtu wa mbali akingoja hayo, anabakiwa na majuma 3 tu ya kutafuta nauli na nguo, na mtu wa kumwachia ng'ombe na mbuzi.

Sasa, siku ya mwaliko ihesabiwe kwa nini? Wa mjini huihesabu kwa mshahara, na kwa siku ambayo mpiga chapa atamaliza kadi. Sisi twasema ihesabiwe kwa mavuno. Ninyi mnaokaa huku mnajua. Ninyi mliokwenda mjini mmeanza kusahau. Mvua yetu ni moja tu kwa mwaka, yaanza karibu na Desemba na kukoma Aprili, nayo ni haba. Januari na Februari watu wako katika palizi, na ghala nyingi zimekuwa nyepesi. Mwezi wa Mei na Juni na Julai ndipo mtama, mahindi, karanga na alizeti huingia nyumbani, na mkulima hushika fedha mkononi. Fedha hiyo haikai. Yalipa deni, yanunua bati, yampeleka mtoto shule. Ikiwa habari ya arusi ya Septemba imefika mwezi wa Mei, mzee atauza magunia yake akijua kwamba moja ni la safari. Habari ile ile ikifika Agosti, magunia yamekwisha kwenda, naye hana la kufanya ila kukopa kwa jirani au kuuza mbuzi kwa bei ya haraka. Kwa hiyo mwaliko na ufike kabla mazao hayajauzwa. Hiyo ndiyo kalenda ya Mpwapwa, wala haikuandikwa katika kadi yo yote.

Na arusi za Desemba je? Vijana wazipenda, maana ofisi nyingi hupumzika na shule zimefungwa. Mwalimu aweza kwenda. Mkulima ni shida kubwa kwake, kwa sababu mvua ya kwanza ikinyesha naye yuko Arusha akila pilau, shamba litabaki bila mbegu, na siku ya kupanda hairudi. Tena mwezi ule mabasi ya kwenda Moshi na Arusha hujaa mno, na nafasi hupatikana kwa taabu. Kama hapana budi iwe Desemba, basi wazee waambiwe tangu Juni, wapate kumtafuta mtu wa kupanda badala yao.

Someni Injili ya Luka, mlango wa 14, habari ya karamu kubwa. Twaona kwamba mtumwa alitumwa saa ya chakula kwa watu waliokuwa wamekwisha kualikwa; ndiyo kusema walialikwa mara 2, mara ya kwanza ya kujulishwa, na mara ya pili ya kuitwa mezani. Hivi ndivyo ifaavyo kwa arusi ya mbali. Siku ikiisha kukubaliwa na wazee wa pande zote mbili, habari ipelekwe mara moja kwa kinywa, wala isingoje kadi. Miezi 3 kabla ya siku, iandikwe barua yenye mambo yote. Kadi yenye maua na ifuate mwezi mmoja kabla, kwa mapambo.

Twasema kwa kinywa kwa sababu. Kwa desturi ya Wagogo ng'ombe wa mahari hawaingii zizi la baba peke yake. Upande wa mama nao wana fungu lao. Mtu aliyepokea fungu hilo si mgeni wa kamati, ni mwenye arusi. Haimpasi kusikia habari kwa mjukuu aliyeisoma katika kundi la WhatsApp, tena kwa kuchelewa kwa kuwa simu ilikuwa haina chaji. Aendewe na mtu. Wala asihesabiwe kwa mchango wake.

Safari nyingine zadai muda zaidi. Kwenda Unguja kwa boti mtu hutakiwa kitambulisho, na bibi zetu wengine hawanacho au kimeandikwa jina lisilo sawa. Arusi ya Nairobi au Kampala yadai hati ya safari, na picha, na kwenda ofisi ya uhamiaji Dodoma. Hapo miezi 6 si mingi. Walio Ulaya wakija kuoa huku kwetu, nao waambiwe jamaa zao wa huko mwaka mzima kabla, maana likizo ya kazini huombwa mapema. Kwenda Dar es Salaam kumekuwa kwepesi tangu mwaka 2024, treni ya umeme ilipoanza kufika Dodoma (wazee bado waliita gari la moshi, ingawa moshi hauonekani), lakini tikiti yake nayo hukatwa mapema, na kutoka Kibakwe mpaka kituoni njia ni ile ile ya vumbi na ya matope.

Barua ile ya miezi 3 iseme wazi, wageni watalala wapi, watapokelewa na nani, na nauli italipwa na nani. Hapa watu huona haya. Kama bwana arusi atatuma nauli ya watu 4, aandike watu 4, na ukoo wenyewe uchague ni nani watakaokwenda. Kama hawezi kutuma, aandike hivyo kwa heshima. Mzee atasema siwezi bila kuaibika, kwa kuwa ameulizwa kwa wakati. Na walioshindwa kwenda wapewe siku yao: maarusi waje Mpwapwa Agosti, walale nyumbani, wale ugali wa mtama na mlenda pamoja na bibi ambaye miguu yake haipandi tena basi. Siku hiyo pia iandikwe katika barua, isiachwe iwe ahadi ya hewani.

Juu ya mchango wenyewe, na kama yafaa kumwandikia mzee kiasi cha fedha atakachotoa, tunayo mengi ya kusema. Tutayaandika mwezi ujao.