Ndege Haivunji Ukuta Wowote

Apitaye Pap Onditi msimu wa kulima husikia sauti ambayo wenyeji hawaishangai tena: mlio mkali wa mjeledi juu ya maksai wavutao plau. Mara nyingi ngozi haijamgusa mnyama. Hewa ndiyo iliyolia. Ncha ya mjeledi ukitikiswa vyema huenda kasi kuliko sauti yenyewe. Hivyo basi, mtoto wa Nyakach ambaye hajaiona ndege ya kivita amekwisha kuusikia mshindo ambao vitabu humsimulia kana kwamba ni muujiza wa ng'ambo.

Twalitaja hili kwa kuwa somo la mshindo huo limeharibiwa na maneno mawili, "ukuta" na "kuvunja". Yalishika mizizi katika miaka ya 1940, wahandisi walipoona ndege zikitikisika na kukataa kuongeza kasi. Leo mwanafunzi huambiwa kwamba ndege huufikia ukuta wa sauti, huuvunja kwa kishindo, kisha kimya. Si kweli. Sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde hewa ikiwa na joto la nyuzi 15, na kasi hiyo hupungua kadiri baridi inavyozidi. Ndege iipitayo huyaacha nyuma mawimbi yake, nayo hurundikana na kuifuata kama kabari muda wote iendapo hivyo.

Mwalimu asiye na maabara na awapeleke wanafunzi wake kwenye ufuo wa Ghuba ya Winam, watazame mashua ya injini ikipita. Wimbi halimfikii aliyesimama ufuoni wakati mashua iko mbele yake, bali baadaye, kisha maji hutulia. Atadhani yamekwisha. Kumbe jirani yake wa mbele zamu yake bado yaja! Mashua imevunja nini? Kanuni ni iyo hiyo kwa Chuck Yeager, aliyeipita kasi ya sauti Oktoba 14, 1947, na kwa ndege za F-5 ambazo Kenya ilizipokea mwaka wa 1978, ziwezazo kufikia takriban mara 1.6 ya kasi hiyo.

Kosa la pili ni la picha. Julai 7, 1999, John Gay, mwanamaji wa Marekani, alipiga picha ya ndege ya F/A-18 iliyozingirwa na wingu jeupe juu ya Bahari ya Pasifiki. Picha ikaenea ikiwa na maelezo kwamba huo ndio mshindo ulioonekana kwa macho. La hasha! Hewa ipitayo juu ya mabawa hutanuka ghafla, shinikizo lake hushuka, hewa hupoa, na mvuke hugeuka kuwa matone madogo. Penye unyevu mwingi wingu hilo hutokea hata kabla ndege haijaifikia kasi ya sauti. Penye hewa kavu ndege yaweza kuipita kasi hiyo bila wingu lolote.

Twafahamu kuwa silabasi ni ndefu na mtihani hausubiri, na aliyekariri "ukuta" huenda akapata alama zake. Lakini mwulizeni kwa nini rubani hausikii mshindo wa ndege yake mwenyewe, naye atanyamaza. Mvuvi yeyote wa ghuba angemjibu, kwa kuwa hajapata kupigwa na mawimbi yaliyo nyuma ya mashua yake.