Sauti Moja, Waajiri Wawili

Bibi mmoja wa Magomeni, ambaye macho yake yamechoka na kwa hiyo televisheni huisikiliza zaidi kuliko anavyoitazama, alishtuka usiku mmoja baada ya swala ya Isha. Katika tamthilia ya Kituruki iliyokuwa hewani, mke wa tajiri alikuwa akimjibu mama mkwe wake maneno makali, ya namna isiyosemeka mbele ya mtu mzima. "Huyu si mjukuu wangu?" akauliza. Waliokuwapo wakacheka, yeye hakucheka. Asubuhi ya siku ile ile alikuwa amemsikia mjukuu huyo huyo katika kituo kingine akiendesha kipindi cha familia, akimuuliza muuguzi kwa upole namna ya kumwachisha mtoto kunyonya. Bibi akataka aambiwe ni ipi kati ya sauti mbili hizo aliyoilea yeye.

Binti mwenyewe ameturuhusu kulieleza jambo lake kwa sharti la kutomtaja jina wala kuvitaja vituo anavyovifanyia kazi. Ana mume, ana mtoto wa kiume wa miaka mitatu, na ana kazi mbili zinazotegemea koo moja. Sasa kituo kinachomtumia siku mbili kwa wiki kimemtaka awe mtangazaji wa kipindi cha kila asubuhi, na ukoo umelazimika kukaa kikao. Sisi tuliitwa kama majirani, tukanyamaza zaidi kuliko tulivyosema. Haya tunayoandika ni sehemu ya yale tuliyoyameza siku ile.

Wengi wetu huzitazama tamthilia hizi bila kujiuliza Kiswahili kimefikaje kinywani mwa Mchina au Mturuki. Mwaka 2011 TBC ilionyesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake ikiwa imeingizwa sauti za Kiswahili, nayo ikapendwa kiasi kwamba Rais Xi Jinping wa China aliitaja katika hotuba yake jijini Dar es Salaam mwezi Machi 2013. Mwaka 2016 kampuni ya StarTimes iliendesha mashindano ya kutafuta sauti hapa nchini, na washindi wakapelekwa Beijing kufanya kazi hiyo. Zikaja na tamthilia za Kituruki, ambazo Azam imezifikisha sebuleni mwetu kwa Kiswahili, na jambo ambalo wazazi wetu wasingelifikiria kuwa kazi likawa riziki ya vijana. Vijana waliolelewa na bibi zao, wakaokota kwao Kiswahili kilichonyooka, waligundua kwamba walikuwa na mali bila kujua.

Tulikuwa tukidhani ni kazi ya kusoma karatasi. Binti huyu alitutoa katika ujinga huo. Huketi peke yake katika chumba kidogo kisichopitisha kelele, masikioni anasikia Kituruki, machoni anatazama midomo ya mwigizaji, mkononi ana maneno ya Kiswahili yaliyokwisha kutafsiriwa. Kituruki hupenda kuweka kitenzi mwishoni mwa sentensi, nasi twakitanguliza. Basi uzito wa neno unaomtoa mwigizaji machozi huangukia mahali tofauti, na mwingiza sauti hana budi kuupeleka pale machozi yalipo. Midomo ikifunga, naye awe amefunga. Hulia bila kufiwa, huhema bila kukimbia, hupiga kelele mara sita mfululizo kwa sababu mara tano za mwanzo hazikumridhisha mwongozaji. Kipindi kimoja cha Kituruki kwao huweza kufika saa mbili nzima, na huku nje hukatwakatwa kuwa vipindi vifupi. Kwa hiyo tamthilia moja huweza kumshika mtu miezi mingi. Wala hawezi kuondoka katikati, maana watazamaji wakisikia sauti ya mke wa tajiri imebadilika ghafla, simu za kulalamika hazikatiki.

Ramadhani ndiyo mtihani. Kinywa kilichokauka kwa saumu hutoa milio midogo midogo ambayo sikio halisikii lakini kipaza sauti hukisikia. Mwaka jana ilibidi kazi yake ihamishiwe usiku, baada ya futari, na tarawehe akaziswali nyumbani saa sita za usiku, peke yake, huku mtoto amelala kwa shangazi.

Utangazaji ni kazi ya namna nyingine kabisa. Huko hakopi maneno ya mtu. Anayoyasema ni yake, na akikosea amekosea yeye mbele ya nchi. Kipindi huanza saa 12 asubuhi, hivyo hutakiwa kuwa kituoni saa 10 na nusu. Adhana ya alfajiri humkuta kwenye kiti cha kupakwa poda. Amejifunza kuwaambia mapema kwamba uso wake haupakwi kitu mpaka awe ameswali, na kwa kuwa jengo lile halina mahali pa ibada, huswali katika chumba cha kuhifadhia nyaya na taa. Hijabu yake haikuleta ubishi, alhamdulillah. Ndugu zetu wa Zanzibar wametusaidia sana katika hilo. Watangazaji wao wa kike wamekuwa wakisoma habari wakiwa wamejistiri, na habari hazikupungua uzito.

Katika kikao, baba yake mdogo alianza na hoja ambayo wasomaji wetu wanaijua: kwamba sauti ya mwanamke ni uchi, na kwa hiyo kazi zote mbili ziachwe. Tunamheshimu mzee huyo, na wapo wanazuoni waliosema hivyo. Lakini wapo wengi, na wakubwa, waliosema kwamba sauti yenyewe si uchi, na kilichokatazwa katika aya ya 32 ya Suratul Ahzab ni kuilegeza sauti kwa namna inayomtamanisha mwenye maradhi ya moyo. Aya hiyo haikuishia kwenye katazo. Iliamrisha pia yasemwe maneno ya wema. Khaula bint Thaalaba (r.a.) alimshitakia Mtume (s.a.w.) habari za mumewe, akajadiliana naye, na Allah (s.w.) akateremsha Suratul Mujadila akieleza kuwa ameyasikia maneno ya mwanamke yule. Mama Aisha (r.a.) alifundisha umma kwa sauti yake. Kwa maoni yetu, swali la kumuuliza binti si kama sauti yake inasikika. Ni nini inachosema, na kwa mlio gani.

Na hapa ndipo kazi isiyo na sura ilipoonekana kuwa na hatari kuliko ile yenye sura, jambo ambalo kikao kizima hakikulitarajia. Mtangazaji anaweza kukataa neno. Mwingiza sauti hukuta neno limeandikwa. Tamthilia za Kituruki zimejaa maneno tunayoshirikiana nayo, kama wallahi, inshallah na mashallah, na mtafsiri huyaacha kama yalivyo. Je, mtu akiapa wallahi mara arobaini kwa siku kwa niaba ya mhusika mwongo, ana kiapo? Na mwanamume mwenzake anayesoma maneno ya mume anayemwacha mkewe, mkewe wa kweli yuko wapi? Tunakumbuka hadithi isemayo kwamba ndoa, talaka na rejea huwa kweli hata zikisemwa kwa mzaha. Sheikh tuliyemuuliza alitufafanulia kwamba wanafiqhi hutofautisha baina ya mtu anayejisemea na mtu anayesimulia maneno ya mwingine, na msimuliaji hahesabiwi kuwa ametaliki; hata hivyo akashauri kwamba katika jambo zito kama hilo Muislamu ajitenge na shaka. Binti akatuambia kuwa tangu mwaka jana huomba apewe karatasi siku moja kabla. Viapo huomba vigeuzwe kuwa "naapa" au "haki ya nani", na mtafsiri hukubali kwa kuwa midomo haijali. Mandhari za faragha hakubali kuziingizia sauti. Hupewa mwenzake, na malipo ya sehemu hiyo humkosa.

Hoja hizi zilichukua saa mbili. Mume alikuwa amekaa kimya wakati wote, akichezea tasbihi. Alipoombwa aseme, alisema neno moja ambalo lilitufanya tuone haya kwa saa mbili zile. Alisema kwamba mkewe akirudi nyumbani huwa hana sauti. Hazungumzi. Daktari amemwambia aipumzishe, na mahali pekee pa kuipumzisha ni nyumbani, kwa sababu kwingine kote inalipiwa. Humjibu mumewe kwa kutikisa kichwa. Humwelekeza msaidizi wa kazi kwa mikono. Mtoto akileta kitabu chake cha picha, mama humfungulia kurasa bila kusema kitu. Wiki moja kabla ya kikao, mtoto alikuwa amemshika mdomo akamwambia, "Mama wa kwenye TV anaongea. Wewe mbona huongei?"

Binti aliinamisha kichwa. Mama yake akaanza kusema kwamba basi aache, kazi gani hiyo, na mume akamzuia kwa adabu. Hakuwa amesema ili mkewe aache. Kodi ya nyumba ya mwaka huu, alikiri mbele ya wakwe zake, ilitoka katika mfuko wa mkewe, kwa hiari yake, kwa kuwa duka lake liliungua stoo. Alikuwa akiomba wapige hesabu upya pamoja.

Tukaletewa mkataba mpya tuusome. Tuseme wazi kwamba familia nyingi za Kiislamu hukaa vikao virefu juu ya mahari na hazikai hata dakika tano juu ya mkataba wa kazi wa binti yao. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mwajiriwa wiki ya saa za kawaida zisizozidi 45, likizo ya uzazi ya siku 84, au siku 100 akijaaliwa zaidi ya mtoto mmoja kwa mkupuo, na hadi saa mbili kwa siku za kunyonyesha. Kituo kilikuwa kinatoa ajira ya namna hiyo, na ni jambo la kushukuriwa. Upande wa tamthilia hana ajira. Hulipwa kwa kipindi, akiugua koo hakuna kitu, akijifungua hakuna kitu. Kwa kipimo hicho peke yake, televisheni ilikuwa imeshinda.

Lakini kifungu cha tisa kilisema kwamba sauti yake isitumike popote pengine bila idhini ya kituo, kwa kipindi chote cha mkataba na mwaka mmoja baada yake. Kijana mmoja wa ukoo anayesoma sheria ndiye aliyekiona. Maana yake ni kwamba amwache mke wa tajiri katikati ya tamthilia, avunje makubaliano ya upande wa pili, na siku kituo kitakapomwacha yeye, akae mwaka mzima na kipaji alichopewa na Mola wake akiwa haruhusiwi kukitumia. Kijana yule alitukumbusha pia Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, ambayo inamtambua mwigizaji kuwa ana haki juu ya onyesho lake. Hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumuuliza binti kama aliwahi kusaini chochote juu ya sauti zake za miaka minne iliyopita. Hakuwahi. Alipewa karatasi ya malipo, akaweka sahihi, akaenda zake.

Kikao hakikumaliza kwa ushindi wa mtu. Binti atakiomba kituo siku tatu badala ya tano, na kifungu cha tisa kibaki kikimzuia tu kutangaza katika kituo kingine cha televisheni. Tamthilia aliyomo ataimaliza, kwa kuwa Waislamu hushikamana na masharti yao, na baada ya hapo hatachukua mhusika mkuu mpaka mtoto aanze shule. Mume amejitolea kuamka na mtoto siku za kipindi. Baba mdogo hakuridhika, akasema wazi hakuridhika, na akala pilau pamoja nasi. Suala la saa mbili za jioni, ambazo binti ameahidi kuiwekea nyumba yake sauti hata ikiwa ya kunong'ona, hatukuliandika popote.

Tunapokwenda mitamboni, jibu la kituo bado halijafika. Usiku wa Jumanne tulipita pale kumjulia hali bibi, tukamkuta mbele ya televisheni, mtoto amempakata. Mke wa tajiri alipoanza kufoka, mtoto akanyoosha kidole kuelekea kwenye kioo na kusema, "Mama." Bibi akaushusha mkono wake taratibu.

"Huyo yuko kazini, baba," akamwambia. "Mama yako anakuja na daladala."